Siku baba alipouona mji alioupima

Baba hakutaka kwenda. Nilipomwambia kuna Coaster inazungusha watu mjini Dodoma Jumamosi nzima, elfu ishirini kwa kichwa pamoja na maji na chakula cha mchana, aliniuliza, "Mama, mtu anazungushwaje kwenye mji anaoishi?" Nikamwambia, baba, wewe unaishi Chang'ombe, mjini huendi. Akanyamaza. Na ni kweli. Tangu goti lianze kumsumbua safari zake ni mbili, kanisani na kliniki, na zote ni za bajaji iliyoshushwa turubai kwa sababu ya vumbi.

Nilikuwa na sababu yangu pia. Nina duka la stesheneri Majengo: natoa kopi, napiga picha za pasipoti, nachapa barua. Kazi inayoniingizia zaidi siku hizi ni mikataba ya mauziano ya viwanja. Mtu anakuja na karatasi ya daftari imekunjwa mara nne, ananisomea: Kiwanja namba fulani, Kitalu fulani, Ilazo. Mwingine Swaswa. Mwingine Iyumbu, Nala, Ntyuka. Nachapa, nagonga kopi tatu, wanaweka dole gumba, wanaondoka. Kwa miaka nimekuwa nikiandika majina ya sehemu ambazo sijawahi kuzikanyaga, na mimi ni mzaliwa wa hapa hapa Dodoma. Hilo lilikuwa linanisumbua.

Lakini sababu kubwa ilikuwa baba. Mwaka 1977, akiwa kijana wa miaka 21, alipata ukibarua kwa wapima ardhi wa CDA, ile Mamlaka ya Ustawishaji Makao Makuu. Uamuzi wa kuhamishia makao makuu hapa ulikuwa umepitishwa mwaka 1973, mpango wa mji ukakamilika mwaka 1976, na baada ya hapo walihitajika watu wa kufyeka mikuza, yaani njia za kupimia, kushika mnyororo wa kupimia, kuchanganya zege na kusimika bikoni, yale mawe ya kuonyesha mipaka ya viwanja. Hiyo ndiyo ilikuwa kazi yake, miaka kumi na kitu. Alituambia tukiwa wadogo kwamba alifanya kazi ya kupanda mawe yasiyoota. Sisi tulicheka. Nilitaka aone kama hayakuota.

Tuliondoka Nyerere Square saa mbili na nusu asubuhi. Ilikuwa Agosti, ule upepo wetu wa kiangazi unaokufanya ushike sketi kwa mkono mmoja na mtandio kwa mwingine. Kiongozi wetu alikuwa binti wa chuo anayesomea utalii, mtu wa Mbeya, kavaa kitenge na raba nyeupe, ana kipaza sauti kidogo cha kubandika shavuni. Alisimama mlangoni akasema, "Mbukwenyi!" Wazee watatu wakaitikia "Mbukwa," baba akiwa mmoja wao, na hapo nikaona uso wake umelegea. Binti alipomfikia akapiga goti kidogo, "Shikamoo babu," naye akasema, "Marahaba mjukuu wangu, umefundishwa." Nikampa dirisha, mimi nikakaa upande wa njia.

Ndani tulikuwa watu ishirini na kitu. Mama mmoja mtumishi aliyehamia na wizara yake kutoka Dar, na wanawe wawili. Wanafunzi wawili wa Chuo Kikuu cha Dodoma, UDOM, kutoka Unguja. Mzee wa Iringa aliyestaafu ualimu. Wengine sikuwajua vizuri.

Tulianza na jina la mji, na hapo ndipo basi lilipochangamka. Binti alisimulia ile ya tembo: alikuja kunywa maji, akadidimia topeni, watu wakasema "idodomya", yaani amezama, na jina likabaki. Baba akanyoosha mkono kama mwanafunzi. "Mjukuu wangu, ipo na nyingine." Akasimulia ya ng'ombe. Vijana wa Kigogo waliiba ng'ombe wa Wahehe, wakawala wote, wakabakiza mikia. Wenye mali walipofuatilia, wakakuta mikia imesimikwa kwenye tope, na Wagogo wamesimama wanasikitika: ng'ombe wenu hao, wamedidimia. Idodomya! Mwalimu wa Iringa akasimama kwenye kiti chake. "Kumbe ni nyinyi! Nimekuja kudai." Baba akamjibu, "Mikia ipo, nikuonyeshe?" Basi zima likavunjika mbavu. Wahehe na Wagogo ni watani tangu enzi hizo, na wale wawili hawakuachana mpaka jioni.

Katikati ya mji tulipita taratibu. Stesheni ya zamani, ile ya reli ya Wajerumani iliyoanzia Dar es Salaam ikafika Kigoma mwaka 1914. Uhindini, mitaa ya maduka yenye baraza na nguzo, ambako bibi yangu alikuwa akinunua kaniki. Stendi ya daladala ya Jamatini, yenye jina la nyumba ya ibada ya Waismailia. Msikiti wa Gaddafi uliofunguliwa mwaka 2010, na makanisa makuu ya Anglikana, Katoliki na Kilutheri, yote ndani ya mwendo mfupi. Mama wa Dar alisema kwa muda wote aliokaa hapa alidhani mji huu ni Bunge na wizara tu. Majengo nilitaka tushuke, ni kwangu, lakini ilikuwa siku ya soko na dereva akasema akisimama hatoki tena. Alikuwa sahihi.

Tulivuka reli kwenda Kikuyu. Binti akatuonyesha Chuo Kikuu cha Mtakatifu Yohana, akasema kilianza mwaka 2007. Baba akaninong'oneza kwamba hapo palikuwa Shule ya Mazengo. Nikamwambia, sema kwa sauti. Akasema kwa sauti: shule ile iliitwa kwa jina la Mtemi Mazengo wa Mvumi, na akaongeza kwamba wao wakiwa watoto, kumuona mwanafunzi wa Mazengo kavaa sare yake kulikuwa sawa na kumuona daktari. Binti akatoa kijitabu kwenye kitenge akaandika. Nilimpenda kuanzia hapo.

Halafu tukazunguka uwanja wa ndege. Wageni huwa wanashangaa uwanja wa ndege kuwa katikati ya mji, na kweli unaugawa mji kama panga: ukitaka kwenda ng'ambo lazima uzunguke. Mpya unajengwa Msalato. Ng'ambo ya uwanja ndiko Area C na Area D, na ndiko baba alikoanza kukaa vibaya kwenye kiti, mara anageuka huku, mara anapangusa kioo kwa kiganja.

Binti alikuwa anaeleza ule mpango wa 1976. Ulichorwa na kampuni ya washauri kutoka Toronto, Kanada, akasema, na haukutaka mji wa maghorofa na magari. Ulitaka mitaa kama vijiji vikubwa, mtu atembee kwa miguu au kwa baiskeli, na mabasi ndiyo yaunganishe mtaa na mtaa. Baba akaitikia kwa kichwa. "Ndivyo tulivyoambiwa," alisema, safari hii bila kunyoosha mkono. "Injinia alitandika ramani kwenye boneti ya Land Rover, akatuonyesha. Hapa njia ya basi, hapa shule, hapa soko. Hizi herufi zilikuwa za kwenye ramani tu. Hatukujua zitakuwa majina ya watu kukaa."

Area C ni mtaa wa miti sasa. Miarobaini mikubwa, mikaratusi, ukuta baada ya ukuta, mabogenvilia yameangukia barabarani. Kwenye kona moja baba akasema, "Mwambie dereva asimame." Hakusema tafadhali, na baba ni mtu wa tafadhali. Coaster ikasimama.

Alishuka kwa mkongojo wake mpaka kwenye pembe ya ukuta wa nyumba moja, akaanza kupekua nyasi kwa ncha ya ule mkongojo. Mlinzi akatoka getini. Baba akamsalimia, akamwambia, "Natafuta jiwe langu." Mlinzi, kijana wa Kirangi kwa lafudhi yake, hakuuliza mara mbili, akaanza kusaidia kutafuta. Walilipata chini ya matawi makavu ya bogenvilia, hatua mbili kutoka alipoanzia: duara la zege ukubwa wa sahani, limezama usawa wa ardhi, katikati lina ncha ya chuma yenye kutu. Juu ya zege palikuwa na herufi na tarakimu zilizochorwa likiwa bichi. Nusu zimelika. Baba alishindwa kuinama kwa sababu ya goti, kwa hiyo niliinama mimi, nikafuta udongo kwa ncha ya kanga yangu, nikasoma zile zilizobaki. Aliniambia zilichorwa kwa msumari. Kibarua mmoja tu katika kundi lao ndiye alikuwa na mwandiko mzuri, na ndiye aliyechora mengi. "Siyo mimi," alisema. "Mimi nilikuwa wa kokoto."

Sijui kwa nini lile neno lilinichoma. Mimi nilikuwa wa kokoto. Nimechapa mamia ya mikataba yenye namba za viwanja, na kila namba ile ilianza na mtu aliyebeba ndoo ya kokoto juani, na mmoja wa watu hao ndiye aliyenisomesha. Nikabaki nimechuchumaa pale muda kidogo. Mlinzi akatuletea maji ya kunywa kwenye jagi.

Tulirudi kwenye basi, tukapita barabara ya Dar es Salaam, jengo la Bunge kulia kwetu. Binti akatoa tarehe zake bila kukosea hata moja: vikao vya Bunge kuhamia Dodoma mwaka 1996, tangazo la Rais Magufuli mwaka 2016 kwamba serikali yote inahama, mji kupandishwa kuwa jiji Aprili 26, 2018. Kisha akasema sensa ya 2012 ilihesabu watu 410,956 kwenye manispaa, na ya 2022 ikahesabu 765,179 kwenye jiji. Mama wa Dar akasema, "Ndiyo maana kodi za nyumba zimepanda hivi." Mmoja nyuma akamjibu, "Nyinyi ndio mlizipandisha," na hakukuwa na hasira katika hilo, lakini kimya kidogo kilipita. Nadhani alipaswa kujibiwa hivyo, na yeye naye hakuwa na kosa: alihamishwa kwa barua, akapewa wiki chache, akabeba watoto katikati ya muhula.

Sasa, Ipagala. Hapa ndipo nilipotaka kufika tangu nianze kuandika.

Nyumba mpya zilikuwa pande zote mbili, mabati ya rangi ya bluu na kahawia, nguzo za umeme mpya, fremu za maduka ambazo bado hazijapigwa plasta. Binti akasema kwa furaha kabisa, bila ubaya wowote, "Wageni wangu, miaka michache iliyopita hapa palikuwa pori tupu!"

Baba akasimama. Alishika chuma cha kiti cha mbele kwa mikono miwili kwa sababu gari lilikuwa linakwenda. Binti akamnyooshea kile kipaza sauti, akakikataa. "Mjukuu wangu, hapa hapakuwa pori. Hapa palikuwa na watu." Akaonyesha kwa kidevu. Upande ule mtama, upande ule uwele, pale karanga za akina mama. Kule kwenye bonde dogo zizi, na tembe mbili za udongo zenye paa bapa, ambazo ukipita jioni unasikia zeze. Kulikuwa na mbuyu uliopigwa vigingi vya kupandia, vijana wakirina asali na kuangusha ubuyu, na kila kigingi kilikuwa na mwenyewe. "Sisi tulipokuja kufyeka mkuza, hatukufyeka pori. Tulifyeka mtama wa watu uliokuwa umefika kifuani. Mama mwenye shamba alitupikia uji wakati tunaufyeka."

Hakuna aliyesema neno. Yule mwalimu wa Iringa alivua kofia.

Binti aliuliza kwa sauti ya chini, kipaza sauti amekishusha shingoni, "Walikwenda wapi, babu?" Baba akasema wengine walisogea Hombolo, wengine Chihanga, wengine wako humu humu, wamejenga chumba na sebule, na watoto wao wanaendesha bodaboda. Kisha akakaa. Nikamshika mkono. Ulikuwa unatetemeka, na ninajua siyo kwa sababu ya umri.

Nimelifikiria neno "pori tupu" tangu siku ile. Tunalitumia sote. Nimelichapa mwenyewe kwenye mikataba: "eneo ambalo lilikuwa pori". Baba yangu ndiye aliyesimika bikoni, hajawahi kujutia kazi ile, anaipenda, anajivunia Area C kama mtu anavyojivunia mtoto aliyesoma. Anachotaka ni watu wasifutwe. Mtu aliyekupikia uji wakati unafyeka mtama wake anastahili kutajwa hata mara moja kwenye basi.

Chakula cha mchana tulikula Nzuguni, jirani na viwanja vya Nanenane, kwa mama lishe mwenye mabanda mawili. Ugali wa uwele, mlenda wa majani makavu uliotiwa karanga, na nyama kidogo kwa waliotaka. Wale vijana wa Unguja walikuwa hawajawahi kuuona mlenda ukivutika vile. Baba aliwafundisha: tonge dogo, bonyeza katikati kwa dole gumba, chota, zungusha mkono mara moja kukata uzi, peleka. Wa kwanza alimwagia shati. Wa pili aliongeza sahani. Stendi ni jirani, hivyo wauza zabibu walikuja mpaka mezani na vikapu. Sisi tunavuna mara mbili kwa mwaka na Agosti ni mojawapo ya misimu yake. Nilinunua kilo mbili, nyeusi, zenye vumbi la Dodoma juu, nikaziosha kwa maji ya chupa.

Mtumba, kwenye Mji wa Serikali, sina mengi ya kusema. Wizara zimepangwa, barabara ni pana, kila jengo lina kioo kingi na Jumamosi hapakuwa na mtu. Watoto wa yule mama wa Dar walimwonyesha dirisha la ofisi yake wakapiga picha. Baba aliuliza swali moja tu, wafanyakazi wa hapa wanakula wapi mchana.

Kurudi, dereva alitupitisha barabara ya mzunguko wa nje, ile ya kilomita 112.3, kipande cha kutoka Mtumba kwenda Veyula. Hapo utaiona Dodoma jinsi ilivyo: vilima vya mawe yaliyopangana kama mtu kayapanga, mibuyu isiyo na jani hata moja, mbuzi, halafu ghafla bango la viwanja vinauzwa. Baba alilala. Alilala mdomo wazi, kichwa kwenye kioo, na mimi nikahesabu mibuyu. Nilifika thelathini na nne nikaacha kwa sababu tulifika Msalato, na Jumamosi Msalato ni mnada.

Mwalimu wa Iringa alitununulia nyama choma ya mbuzi, kilo moja, yeye na baba. Muuzaji alipokuwa anakata, mwalimu akasema, "Mzee, huyu ni fidia ya ng'ombe wangu au?" Baba akamwambia, "Wewe lipa, tukimaliza nitakupa mkia." Wakala wakibadilishana chumvi na pilipili kwenye karatasi moja. Walipoagana wakaandikiana namba za simu, baba akinipa simu niandike mimi kwa sababu hakuwa na miwani.

Ningeishia hapo, lakini Jumatatu saa nne binti alikuja dukani. Nilidhani anataka kopi. Akasema anaomba kama babu atakubali amweleze majina ya zamani ya sehemu zile tulizopita, Ipagala, Ilazo, Nzuguni, mabonde na visima na mashamba yalivyoitwa kabla ya vitalu, ili aweze kuyasema safari ijayo. Nikampigia baba. Akaja na bajaji, kavaa koti.

Wameketi kwenye benchi la wateja tangu siku hiyo, kila Jumatatu. Baba anasema jina kwa Kigogo, anaeleza maana, binti anarudia mpaka atamke vizuri, mimi nachapa. Mteja akija anasubiri, na wengine wanaishia kuchangia: wiki iliyopita mama mmoja aliyekuja kulaminisha cheti alitupa majina mawili ya visima na akamsahihisha baba kwenye moja. Baba alikubali, ingawa si haraka.

Tuna kurasa tatu. Bado hatujatoka Ipagala.